Sikio la Kulia

Kaka Gwamaka,

Nina hasira na wewe, nakwambia kabisa. Arobaini yako ilikuwa jana hapa Uyole, watu wamekula, viti vya kukodi vimerudishwa, na mimi bado nina hasira.

Neema wako alikuja kutoka Iringa. Nilipomwona anashuka kwenye basi, nilikimbia kuficha mashine yako ya muziki na hedfoni zake kwenye gunia la mahindi. Mama alishasema apewe yeye, eti ndiye mchumba. Mchumba! Ni mimi uliyekuwa unanisema kila siku kwamba nyimbo za simu yangu zimebanwa na kupunguzwa, ni majani ya chai yaliyochemshwa mara ya pili. Ni mimi uliyenikalisha jikoni juu ya ndoo, ukanipa sikio la kushoto, wewe ukachukua la kulia, tukasikiliza muziki wa ile filamu ambayo hata picha yake hatujawahi kuiona. "Hili faili zima, Atu. Hawajapunguza kitu." Nikajua hiyo ni yetu wawili tu.

Sasa tunaosha vyombo, Neema ananiambia, "Wifi, ule muziki wa filamu wa Gwamaka, mie napenda pale yule mwimbaji wa besi anapovuta pumzi kabla hajaanza." Nikamwambia hakuna pumzi pale, ni vayolini tupu, muziki huo naujua kuliko yeye. Akasema vayolini yeye hazikumbuki kabisa. Tulibishana, kaka, juu ya masufuria ya msiba wako, mpaka mama akakohoa.

Nikaenda kwenye gunia. Nikavaa masikio yote mawili, kwa mara ya kwanza.

Pumzi ipo. Iko kulia. Kumbe yeye ulimpa la kulia.

Nililia, na sikukulilia wewe. Nililia wivu. Miaka yote hiyo najisifu, kumbe nasikia nusu, na nusu yako umempa mtu wa Iringa! Halafu nikakumbuka kwamba na yeye vayolini hazijui.

Nikamwita. Nikampa la kushoto, la kulia nikabaki nalo. Alisikiliza mpaka mwisho, machozi yanamtoka, kisha akaomba tubadilishane. Nikakataa.

Kesho anaondoka na mashine, sitaificha tena, nakuahidi. Akija tutasikiliza pamoja. Ila la kulia simpi, kaka. Mimi hukuwahi kunipa.

Pumzika.
Atupele wako