Faili Langu Limefungiwa, na Fundi Ni Mimi

Mshauri wangu mpendwa, shikamoo kama umri unaruhusu, nahitaji msaada wako kabla ya Jumatatu. Mimi ni fundi kufuli, na tangu duka la vitambaa la mtaani kwetu liibiwe bila mlango kuvunjwa, afande mpelelezi amekuja kibandani kwangu mara kumi na moja, kila mara anapekua mbele ya wateja, vifaa vyangu akavibeba eti vielelezo, shtaka hakuna, na swali lake ni lile lile, "Kama si wewe, nani mwingine anaweza?", mpaka wateja wakaanza kunikwepa na mke wangu akasema basi, twende mahakamani, tukaenda, na jaji akaamuru polisi walete faili Jumatatu aone kama huo ni upelelezi au ni usumbufu.

Nilicheka siku nzima. Lakini jana afande kaja tena, safari hii mpole kama anayekuja kuposa, kofia mkononi, ananiita kaka, kumbe ufunguo wa kabati la chuma lenye faili langu umepotea, na mafundi wengine wanaogopa kukanyaga kituoni wasije wakawa kama mimi, kwa hiyo anaomba nikamfungulie, na vifaa vyangu navyo vimo humo humo. Nikamuuliza ni kabati gani, akanieleza, na hapo, nakiri mbele yako, mdomo uliniponza, nikasema, "Hilo? Dakika mbili, kwa pini ya nywele." Shemeji yangu anasema nisiende, mke wangu anasema nisipokwenda faili halifiki na tutaanza upya. Nifanyeje?

Fundi Asiye na Vifaa

Marahaba, fundi, umri unaruhusu sana.

Pole. Kupekuliwa mbele ya wateja mara kumi na moja ni kudhalilishwa, na ulifanya vyema kumsikiliza mkeo. Lakini hiyo "dakika mbili" ilikuwa ya nini? Mtu anahangaika kukutafutia ushahidi, wewe unampelekea mkononi, tena na pini juu yake? Sifa hizo ungemwachia fundi mwenzako japo kwa wiki moja.

Usiende. Ukilifungua kabati na karatasi moja ikakosekana, mwizi ni wewe tena. Ukimaliza kusoma haya, nenda kwa karani wa mahakama, andika nani kakuomba nini na lini, na maneno yako uliyojibu yaandike pia, usiyafiche. Omba jaji aamuru kabati lifunguliwe na fundi mwingine, karani akiwa pale pale anaangalia. Mkeo mwambie asihofu, kuleta faili ni kazi ya polisi, na ufunguo wamepoteza wao.

Jumatatu wakikuuliza kama ungeweza kulifungua, usitafune maneno wala usiangalie chini. Jibu, "Ndiyo, mheshimiwa, naweza." Kufungua milango ndiyo kazi yako. Kwamba uliingia na kuiba, hilo ndilo wanalotakiwa kulithibitisha wao.