Kabla ya Mkutano

Itigi, 12 Juni 2023

Mwanangu Eliana,

Pokea salamu za nyumbani. Mama yako hajambo, mgongo ndio ule ule. Mimi nipo, nimechoka tu. Wewe na watoto mwaendeleaje huko Dodoma? Nakuandikia kwa karatasi kwa sababu simu yangu ilikaa kituoni, na iliporudi haiwaki.

Usishtuke. Alhamisi jioni askari walikuja wakasema kuna amri ya mkuu wa wilaya niwekwe ndani, maana Jumamosi kuna mkutano wa kijiji na mimi huenda nikavuruga amani. Jambo lenyewe unalijua. Wanataka kumpa mwekezaji pori letu la mizinga, na mkutano uliopita niliuliza sisi tutarina asali wapi. Niliuliza nimekaa, hata sikusimama. Basi nimelala sakafuni siku mbili na watuhumiwa wawili wa wizi wa ng'ombe, vijana wenye heshima kweli, waliniachia upande usio na upepo. Jumamosi jioni nikafunguliwa. Mkutano ulikuwa umeisha tangu asubuhi.

Jirani yetu Naftali anasema hawakufikia uamuzi, utaitishwa mwingine. Nilimshukuru askari aliyenifungulia mlango, nikaja zangu.

Baba yako,
Chediel

Dodoma, 20 Juni 2023

Baba yangu,

Shikamoo. Sisi wazima, ila tangu barua yako ifike chakula hakipiti. Unamshukuru askari kwa lipi, baba? Nimekasirika, unisamehe.

Nimekwenda kwa Joyce, yule niliyekuwa naye kwaya. Siku hizi yuko ofisi ya msaada wa kisheria. Anasema amri ya namna hiyo imo kwenye sheria, lakini ina mipaka. Ni ya kuzuia fujo ambayo haiwezi kuzuiwa kwa njia nyingine, na anayeitoa lazima aandike sababu zake. Ndani ya saa arobaini na nane uwe umefikishwa kwa hakimu. Zikipita hujafikishwa, uachiwe, na wasikukamate tena kwa jambo lile lile. Haikuwekwa ili kumziba mtu mdomo.

Wakija tena, waulize sababu iko wapi kwa maandishi, kisha useme wakupeleke kwa hakimu. Sema kwa upole wako huo huo, lakini sema. Mama asalimiwe, na mgongo wake.

Mwanao,
Eliana

Itigi, 15 Julai 2023

Mwanangu,

Habari za tangu siku hizo? Hapa baridi imekaza na mama yako anakohoa kidogo. Nimekawia kujibu, na katikati nikawekwa ndani tena.

Safari hii hawakuja. Ijumaa ya wiki iliyopita, kesho yake ikiwa mkutano, askari alimpigia simu Naftali, akasema gari halina mafuta, mzee afike kituoni mara moja. Nikavaa koti, nikapanda bodaboda, nauli nikalipa mwenyewe. Najua utakachosema. Mimi nimelelewa hivyo: ukiitwa unaitika, ndipo unauliza unaitiwa nini. Kufika tu, mlango ukafungwa nyuma yangu.

Niliuliza sababu ya maandishi kama ulivyonifundisha. Kijana wa zamu akasema, "Mzee wangu, mimi nimepigiwa simu tu." Nikamhurumia. Nikaomba hakimu, akasema kesho. Kesho yake mkutano ulipokwisha wakanitoa, hata siku mbili hazijatimia. Sheria imewapa siku mbili, mwanangu, na mkutano wetu huchukua asubuhi moja.

Bahati watu hawakutimia, wengi waliogopa kuja. Kwa hiyo utaitishwa wa tatu. Mimi nataka kulala tu.

Baba yako,
Chediel

Dodoma, 17 Novemba 2023

Baba yangu,

Shikamoo. Natumaini mmefika salama wewe na mama, na treni haikuwachosha sana. Barua zangu tatu hukuzijibu, lakini jana nilipokuona mahakamani, kwenye kesi ambayo Joyce na wakili wa ofisi yao walikufungulia, hasira yote iliniisha. Umekonda, baba. Jaji alikwambia uketi, ukabaki umesimama mpaka wakili akakushika mkono.

Sijui kama ulisikia vizuri, kwa hiyo nakurudia. Jaji amesema kuwekwa ndani kwako mara zote mbili hakukuwa halali. Hakuna sababu iliyoandikwa, hakuna dalili ya fujo, na mtu kuuliza swali si kuvunja amani. Wamekatazwa kurudia. Joyce alilia, mimi nikacheka, tukaonekana wehu.

Umeshinda. Mkutano wa tatu ni Jumamosi, tarehe mbili Desemba. Nenda ukae mbele, uulize swali lako.

Mwanao,
Eliana

Dodoma, 10 Desemba 2023

Baba,

Shikamoo. Mkutano umepita wiki nzima na sina neno lako. Naftali nimempigia, anasema nikuulize mwenyewe. Je, walikuja kukuchukua? Joyce anasubiri, wakili anasubiri. Nijibu hata mistari miwili.

Mwanao,
Eliana

Itigi, 14 Desemba 2023

Mwanangu Eliana,

Salamu kwako na kwa wajukuu. Sote wazima. Mwambie Joyce asihangaike, hakuna aliyekuja.

Nitakueleza, univumilie. Alhamisi nilikaa nje mpaka giza nikisikiliza gari. Kimya. Ijumaa nikamwomba mama yako shuka na sweta, niwe tayari. Jumamosi asubuhi Naftali akanipitia, kavaa vizuri, akasema, "Mzee twende, leo hakuna wa kukugusa." Nikamwambia atangulie. Nikabaki nimekaa kitandani, viatu miguuni, shuka nimeikunja magotini. Nilitaka kuinuka, mwanangu. Mama yako alisimama mlangoni. Baadaye nikasikia watu wanarudi wakiongea, nikajua umekwisha.

Pori amepewa mwekezaji. Walisema hakuna aliyepinga, na ni kweli, kwa sababu wote walikuwa wananingoja mimi niulize. Niliogopa, basi. Wala hawakuwa na haja ya kunikamata tena. Nilikuwa nimeshajiweka ndani mwenyewe. Naona aibu kwako, kwa Joyce, na kwa yule jaji.

Tumepewa mpaka mwisho wa Januari tuwe tumeondoa mizinga. Nimeanza ya karibu. Ukipata ruhusa Krismasi, njoo unisaidie kushusha ile ya mbali. Kamba ninazo.

Baba yako,
Chediel