Daftari Lililochomwa kwa Heshima

Alkhamisi, 14 Septemba 2006. Mawaleh, Maskat. Joto la kunata, na harufu ya rangi mbichi nyumba nzima.

Leo naandika yote hapa kwenye blogu, pamoja na lile linalonihusu mimi ambalo ningependa kuliruka. Nimeapa kabla sijawasha kompyuta.

Nina hasira. Nimetawadha, nimekaa kitako, nimekunywa maji, nimetawadha tena. Haijapoa.

Nianzie mbali kidogo. Kabla ya likizo mwalimu wetu alipitisha kikapu cha vikaratasi. Kila mmoja achukue lugha moja, na Jumamosi hii aje aeleze ilianzaje kuandikwa na kupata sarufi. Wenzangu walipata Kifaransa, Kichina, Kihispania. Mimi nilipata Kilithuania. Darasa zima lilicheka, na mwenzangu wa dawati akaniuliza kama huo ni ugonjwa.

Nilianza kusoma kwa ukaidi tu, ili nisichekwe mara ya pili. Halafu nikanogewa. Kitabu chao cha kwanza kilichapishwa Prusia, nje ya mpaka, na sarufi yao ya kwanza ikachapishwa huko huko baada ya miaka mia na kitu. Nayo iliandikwa kwa Kilatini. Yaani mkulima wa Kilithuania, ambaye maneno ya kinywani mwake ndiyo yaliyopangwa mle, asingeweza kuisoma. Baadaye serikali ya mfalme wa Urusi ikapiga marufuku vitabu vyao kwa herufi za Kilatini, ikataka wasome kwa herufi za Kirusi. Marufuku ilidumu miaka arubaini. Watu wakavusha vitabu kutoka Prusia kwa magendo, chini ya makoti na ndani ya mizigo. Vilivyokamatwa vilichomwa. Kina mama waliwafundisha watoto kusoma nyumbani huku wakisokota nyuzi.

Nilimsimulia Bibi haya jikoni, anachambua mchele. Aliuliza jambo moja tu: wale kina mama, nani aliwapangia masomo? Nikasema vitabu havikutaja. Akapangusa mikono, akaenda kwenye sanduku lake, akarudi na daftari la jalada la kijani.

Bibi alikuja hapa kutoka Unguja akiwa mke kijana. Watoto waliozaliwa Maskat walikuwa wanaanza kupoteza Kiswahili, na wake walioolewa kutoka familia zisizokijua walitaka kuelewa mawifi zao wanawasema nini. Wote walikuja kwake. Yeye hakusoma zaidi ya chuoni, kwenye Kurani, kwa hiyo aliandika Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, na pale herufi zilipokosa sauti zetu akaongeza nukta. Maneno aliyagawa kwa nyumba: nyumba ya watu, nyumba ya miti, nyumba ya vitu, kila nyumba na desturi yake. Hakufundishwa na mtu. Alisikiliza, akapanga.

Bibi yangu ameandika sarufi, na sisi miaka yote tunampa mchele achambue.

Nilimwomba anikopeshe nilipeleke shuleni. Alinipa, akaniambia nisiliweke sakafuni.

Sasa lile langu. Mimi ndiye niliyeliweka sebuleni kwenye rafu ya juu, pamoja na juzuu zetu kuukuu za Kurani, kwa sababu rafu ile haiguswi na mtu ovyo. Nilidhani nimechagua mahali salama kuliko pote.

Juzi Ami Said, mdogo wake baba, mwenye gereji kule Ghala, alikuja kutupakia rangi sebuleni kabla ya Ramadhani. Akashusha kila kitu. Juzuu zilizochanika akazitia kwenye mfuko safi, akazipeleka kwenye sanduku la msikitini, kama wafanyavyo wote hapa, zichomwe kwa adabu na majivu yazikwe, jina la Mungu lisije likakanyagwa. Daftari la kijani akalibusu, akalitia humo humo.

Nimegundua leo asubuhi. Nilipomuuliza alijibu bila wasiwasi, brashi mkononi.

"Niliona herufi, nikaheshimu."

Nikamuuliza kama alilifungua. Alilifungua. Alisoma? Hakuwa na miwani, na nani angetegemea kukuta Kiswahili mle? Kisha akaongeza lile ambalo bado sijaweza kumsamehe: kwamba Kiswahili chenyewe ni cha nyumbani tu, tunakisema kila siku, cha kuandikiwa kitu gani? Na hayo yote aliyasema kwa Kiswahili.

"Ami, umeheshimu herufi, maneno hukuyaheshimu."

Mama aliniita kwa jina langu na la baba na la babu. 

Lazima niandike na hili, maana nimeapa. Ami aliweka brashi chini, akanipeleka msikitini na mikono yake ina rangi hadi kwenye viwiko. Mwangalizi wa msikiti alituambia mfuko ule ulichomwa jana. Alitueleza kwa furaha, kama anayetupa habari njema, kwamba alisimama mwenyewe hadi mwisho kuhakikisha haukubaki ukurasa hata mmoja. Ami akamshukuru. Njia nzima ya kurudi hakuwasha redio.

Nimekaa nawaza wale polisi wa mfalme wa Urusi. Anayekuja kukuchomea kwa chuki unamjua, unamfichia. Lakini anayelibusu daftari kwanza, utamfichia vipi?

Nilifikiri Bibi atalia. Alinisikiliza mpaka nikamaliza, akamwambia Ami aende akanawe, chai inapoa. Halafu akanigeukia.

"Yote nnayakumbuka, mwanangu. Leo nnayakumbuka."

Wiki hii ameniita kwa jina la shangazi yangu mara mbili. Sikumrekebisha.

Akaniambia nichukue kalamu. Tulimaliza nyumba ya watu na nusu ya nyumba ya miti, kisha akachoka, akataka kulala. Kabla ya kulala alikumbuka kitu. Zamani kila alipomaliza ukurasa alikuwa akiunakili na kumpelekea dada yake Unguja, Bibi Zuwena, kwa mkono wa msafiri, amsahihishie. Dada mtu alirudisha matusi matupu. "Aliniambia nyumba zangu zina vyumba vichache," Bibi alisema, akacheka hadi akakohoa. Nakala zenyewe zilibaki huko, kashani mwake.

Kumbe na sisi tulikuwa na Prusia yetu.

Lakini Bibi Zuwena alifariki mwaka jana, na nyumba yake imegawanywa.

Jumamosi nitaeleza Kilithuania chote, na nikimaliza nitaeleza daftari la kijani, hata kama sina cha kuwaonyesha. Wacheke wakitaka.

Safiya, wewe ni mjukuu wa Bibi Zuwena, na najua kesho baada ya sala utapita kwenye intaneti pale Darajani, Unguja, usome hapa. Usiondoke kwenye kiti bila kunijibu, hata kwa neno moja. Zile karatasi za kasha la bibi yako, zenye herufi za Kiarabu na nukta nyingi kupita kiasi: bado zipo, au na huko kuna mtu aliziheshimu?