Vidole Vitatu vya Msusi

Jumatatu, 4 Machi

Wakili kasema kila siku niweke kumbukumbu za mkono. Haya. Mkono unauma. Hiyo ya wakili, basi. Yanayobaki ni yangu, na mkwe wangu ndiye anayeandika, maana mie kalamu naijua kwa kuiona tu. Andika kama ninavyosema, mwanangu, usinitengenezee maneno! Kanuna. Akinuna anafanana na mumewe, na huyo mwanangu alianza kununa tumboni.

Nilikuwa nasema nini? Ndiyo. Gari la mikate lilinigonga mwezi wa kumi, nikiwa kando ya barabara, kando kabisa! Dereva eti hakuniona. Mimi, na unene huu! Vidole vitatu vya kulia havikunjiki tena. Na mie ni msusi. Miaka arobaini nasuka vichwa vya watu.

Jumatano, 6 Machi

Leo kaja bwana wa bima kunikadiria. Kama shamba! Mtanashati, viatu vinang'aa. Habari za mkono, mama? Nikamjibu nzuri. Unaendeleaje? Naendelea vizuri, namshukuru Mungu. Sasa mgeni ndiyo kwanza kakaa, nimpe habari mbaya hata chai hajanywa? Na chai nikamletea mwenyewe. Kwa mkono wa kushoto lakini! Yeye anaandika tu. Alipotoka, mkwe akajishika kichwa: Mama, umejimaliza!

Ijumaa, 15 Machi

Barua ya bima imefika. Mkwe kaisoma mara mbili, ya pili polepole. Mdai hana malalamiko makubwa. Anabeba vyombo. Ni mama wa nyumbani, umri umekwenda, hana kipato alichopoteza. Fidia yenyewe haifiki hata nusu ya gharama za mazoezi ya vidole pale hospitali.

Mama wa nyumbani! Nyumba yenyewe kaijenga nani? Vichwa! Mume wako, mwanangu, kasomeshwa na vichwa!

Wakili kapiga simu, anacheka huku kakasirika. Tutaomba tathmini upya. Ila mama, ukiulizwa habari za mkono, ile si salamu. Nimesikia.

Nimelia kidogo. Hilo usiandike. — Umeandika?

Jumanne, 26 Machi

Tuko kwenye benchi, nje ya ofisi ya tathmini. Andika upesi.

Mkadiriaji mpya ni mwanamke. Ana nywele huyo! Nzito, kazifunga kwa mpira kama mzigo wa kuni. Safari hii nikamwaga yote: vifungo sifungi, kitana kinaniponyoka, wateja wamehamia kwa jirani anayesuka kama anakimbizwa. Bwana wa bima akadakia: hana risiti hata moja ya ususi. Risiti! Nani kampa mtu risiti ya kichwa? Risiti si ndiyo hiyo inatembea mtaani!

Mwanamke akacheka. Kisha akavua mpira, akaketi sakafuni mbele yangu na sketi yake ya ofisini. Nisuke, mama, nione.

Wakili akaninong'oneza: suka unavyoweza, usijikaze. Jamani, kutojikaza kunaanzaje? Mstari niliokuwa naumaliza huku napiga soga, leo umekula dakika ishirini. Nikasuka minne. Jasho! Vidole vimevimba. Lakini imenyooka! Bwana wa bima kachungulia: si mnaona, anaweza. Mkadiriaji akaangalia saa, akaandika, akatuambia tumpishe kidogo.

Mkwe ananigombeza hapa: Mama, hata mmoja usingeukosea? Nimkosee mtu kichwani! Kichwa chake kimenifanya nini?

Mlango umefunguka. Ni yeye, upande mmoja umesukwa, wa pili umesimama kama umeona jini. Anasema bado anaandika, tusubiri. Na huu upande nisijisumbue, atakwenda nao hivyo hivyo.

Hivyo hivyo! Apite barabarani na kazi yangu nusu!

Wakili ananikodolea macho: kaa, mama. Bwana wa bima naye kachomoza nyuma ya mlango, anatabasamu, ananisogezea kiti. Vidole sivisikii tena, kama vya mtu mwingine. Mwanangu, niachie gauni. Weka kalamu chini, nipe kitana.