Wimbo wa Harusi Yetu Kumbe ni wa Mtu Aliyeachwa

Mpendwa Dada Conjesta,

Naomba unisaidie, maana binti yangu Tumaini anaolewa mwezi ujao na jambo hili nimeshindwa kumwambia hata mchungaji. Mume wangu Brayson alifariki mwaka jana, na tulipooana kule Isongole mwaka 1976 alikuja na kaseti ya bendi moja ya roki ya Zambia, akasema wimbo wa kwanza upande wa pili ndio wetu, tukaucheza mbele ya wazee kwa vigelegele, na kila mwaka siku ile tuliucheza jikoni, yeye akivua viatu ili asinikanyage, nami maneno sikuyajua kwa kuwa Kiingereza changu ni cha darasa la saba, nikimuuliza anasema, "Anaimba kwamba chai imechelewa," basi tunacheka. Sasa juzi nilikuwa napiga pasi nikiusikiliza, akaingia jirani yangu Lusungu, mama muuza vitenge aliyesoma Zambia, akasimama mlangoni, nikamwambia huu ndio wimbo wa harusi yetu, naye akasema, "Shemeji alikuchezesha huu harusini? Mama Tumaini, huyu mtu ameachwa! Anasema kitanda ni kikubwa na hakuna wa kumwita kwa jina."

Nilicheka naye, lakini alipotoka nilikaa chini. Brayson alifanya kazi migodini Kitwe, huko huko Zambia, kabla ya kunioa, Kiingereza alikijua, kwa hiyo nawaza kuna mwanamke alimwacha huko, na siku ya harusi yangu nilikuwa nachezea machozi aliyomlilia mwanamke mwingine. Na Tumaini ameshapanga kuingia ukumbini na wimbo huo huo kwa heshima ya baba yake. Nimkataze? Nitamwambia nini?

Ikupa, Tunduma

Mama Tumaini,

Pole kwa kufiwa. Sasa nivumilie nikugombeze kidogo.

Inawezekana mwanamke alikuwepo. Kijana amekaa Kitwe, ulidhani alikuwa anatazama mawe tu? Lakini mtu anayemlilia mwingine haendi na kilio chake kwa mke mpya na kukigeuza utani wa chai. Brayson alikuwa ameshapona, na aliponea kwako. Tena nusu ya harusi za nchi hii zinachezwa kwa Kilingala asichokijua bwana wala bibi, na ndoa zinadumu.

Mimi naona maneno yale yamekuuma kwa kuwa leo ni ya kwako. Kumkasirikia marehemu ni rahisi kuliko kumkosa. Mlilie, una haki.

Kisha fanya hivi. Usimkataze mtoto na usimfiche. Jumapili hii mkitoka kanisani mweleze wimbo unasema nini na baba yake alikuwa anakujibu nini, halafu aamue mwenyewe. Akiutaka, usijibanze kwenye kiti cha mama wa bibi harusi na leso usoni, inuka ucheze.

Na leo hii kazungumze na Lusungu. Mwombe aje alale kwako wiki ya kwanza baada ya harusi. Tumaini akishaondoka nyumba hiyo itakuwa kimya sana, nawe usiingie ndani yake peke yako.