Nimechora Rasini Kare, Papa Neema

Papa Neema,

Mume wangu, siandiki kukulilia. Msibani mwako watu walisema machozi yameniishia kwa huzuni, nikawaacha waamini hivyo. Nilikuwa na hasira nawe, na miezi minane baadaye bado ninayo.

Nimeanza shule. Mimi, muuza sambaza, hawa dagaa wa ziwani, wa soko la Kamembe, nakaa kwenye dawati kila Jumamosi mchana na watu wazima wenzangu. Ungekuwepo ungecheka. Ulinicheka siku ile ulipokuwa mezani ukiandaa somo, ukichora mstari unaopanda kisha unalala, nami nikauliza kwa nini upande wa kushoto hakuna kitu. Hukuinua macho. "Kichwa yako ni ya sambaza," ulisema. "Acha batoto ndio basome." Watoto wakacheka kwa kuwa wewe ulicheka. Nikarudi jikoni na swali langu.

Jumamosi iliyopita mwalimu wetu, kijana wa Nyakabuye, aliandika ubaoni: y ni kipeuo cha pili cha x. Ile uliyoiita kwa Kifaransa rasini kare. Akaniita mbele. Nikajaza jedwali: sifuri kwa sifuri, moja kwa moja, nne kwa mbili, tisa kwa tatu. Halafu nikaongeza hasi nne, na mbele yake hasi mbili. Nikatia nukta, nikaziunganisha kwa rula. Chaki ililowa jasho mkononi mwangu nikisubiri wacheke.

"Maman," mwalimu alisema, "hasi mbili mara hasi mbili ni ngapi?" Nikahesabu. Nne. "Basi hakuna namba yenye unaweza kuzidisha na yenyewe ikatoa hasi nne. Ndiyo maana mchoro unaanzia sifuri." Akanitafutisha pia kipeuo cha pili cha mbili, kama moja nukta nne, nikaona nukta ile inakataa kukaa kwenye rula. Nikafuta, nikaunganisha kwa mkono. Ukatoka mstari wako, kamili.

Ilichukua dakika chache, Papa Neema. Tuliishi pamoja miaka kumi na tisa.

Na binti yetu Neema je? Alikuwa na miaka kumi na mitatu alipochora mstari huohuo kwa rula, kosa langu lilelile. Ulilitupa daftari lake uani kwenye mvua, ukamwita mjinga mbele ya wageni. Mpaka leo akiona hesabu anafunga daftari. Makaburini, majirani wa Gihundwe walikusifu kwamba uliwafundisha watoto wao kwa subira. Nilisimama pale nikijiuliza subira hiyo ulikuwa unaiacha wapi ukiingia nyumbani.

Sijasahau mengine. Nikiwa na mimba ya Neema ulinibebea beseni la sambaza kutoka Bukavu, mwalimu mzima, barabarani, bila aibu. Mtu yule ningempenda... Basi. Mtu yule hakukaa.

Mwezi huu siji kaburini. Jumapili baada ya misa nitaketi na Neema na karatasi ya miraba. Amekubali kujaribu mara moja tu. Akikosea nitamwonyesha alipokosea, na sauti yangu haitapanda. Hilo naliahidi, lakini si kwa ajili yako.

Kwaheri, mwalimu.

Maman Neema