Kwa Kaka Yangu Aliyeimba Besi Nje ya Dirisha

Mpendwa kaka Masanja,

Shikamoo. Naiacha hapa juu, utaiitikia ukifika.

Nimekusikia. Usishtuke, sijatuma mtu kukupeleleza. Mwanafunzi wangu mmoja wa zamani anapika na kuuza chakula huko Bugarama, karibu na makarasha yanayosaga mawe ya dhahabu. Mwezi uliopita alinirekodia kipande cha sauti kwenye simu, akicheka mwenyewe: "Mwalimu, wewe si unajua mambo ya nyimbo? Huku kuna mzee mmoja, karasha likizimwa yeye anaendelea kuguna. Tunamuuliza ni wimbo gani huo usio na wimbo, hajibu. Hebu sikiliza."

Amekuita mzee, msamehe. Kwa binti wa umri wake, mwanaume mwenye mvi tatu ni mzee.

Nilikuwa ofisi ya walimu, madaftari ya kidato cha pili yamejaa mezani. Nikasikiliza. Nyuma ya kelele za sufuria kulikuwa na sauti ya mwanaume ikishuka taratibu, noti moja baada ya nyingine, inatulia, inapanda kidogo, inashuka tena. Mtu mwingine angesema kweli anaguna. Mimi niliijua kabla haijafika mwisho. Ilikuwa besi ya wimbo wa Ijumaa Kuu wa Mzee wa Wigi, besi tupu, bila zile sauti tatu zinazokaa juu yake. Nililia pale pale mbele ya mwalimu wa hesabu, naye akadhani nimepata msiba.

Namba yako ilikufa zamani, na kila rashi mpya ya dhahabu, watu wakikimbilia mgodi mpya, nasikia umehama. Ndiyo maana barua hii nimeiandika wazi, asome yeyote, huenda mmoja atakufikishia. Tena nina neno la kusema mbele ya watu, na wewe unalijua.

Unakumbuka tulivyompata Mzee wa Wigi? Baba alipoacha kazi kwenye mgodi wa almasi wa Mwadui alirudi nyumbani na kinanda cha kukanyaga kwa miguu, chenye vidole vitatu vibovu, na kitabu cha nyimbo kilichochanika jalada. Ndani kulikuwa na picha ya mtu mnene mwenye nywele nyeupe za mawimbi hadi mabegani. Wewe ukauliza, "Baba, huyu mama ni nani?" Baba alicheka mpaka akashika meza. "Si mama huyo, ng'wanawane, mwanangu, hilo ni wigi. Ni fundi wa kinanda wa Ujerumani, Mlutheri kama sisi. Alikufa babu wa babu yako hajazaliwa." Kuanzia siku ile jina lake halisi halikutajwa tena nyumbani kwetu. Hata mimi nilipoanza kumsoma chuo kikuu, katika daftari langu la kwanza niliandika "Mzee wa Wigi", mwalimu akalizungushia kalamu nyekundu.

Baba alinakili ule wimbo kwa noti za do re mi, kwa mkono, sauti zote nne. Tuliufanyia mazoezi sebuleni msimu ambao pamba ilikuwa imejaa ndani, hatuna pa kukaa, tukaimba tumekaa juu ya pamba. Mama sauti ya kwanza, mimi ya pili, baba ya tatu, wewe ya nne. Mtu mmoja kila sauti. Mimi nilikuwa napotea kila mara, nakimbilia kwa mama, na wewe ulikuwa unanifinya sikio bila kuacha kuimba. Uliniambia, "Kabula, usinisikilize mimi, simama juu yangu." Sijapata tena mwalimu aliyenieleza sauti nne kwa maneno machache hivyo, na nimesomeshwa na wengi.

Sasa nifike kwenye lile neno.

Ulitoka kuchimba dhahabu wiki moja kabla ya Ijumaa Kuu. Nilikuwa na miaka kumi na miwili, na nilikuwa na furaha ya kijinga kwa sababu umerudi. Kanisa limejaa. Baba amesimama mbele yetu, ameinua mkono, watu kimya kabisa. Ukainua daftari usome noti, mkono wa joho ukateleza hadi kwenye kiwiko, na mimi niliyekuwa mbele yako nikageuka nikaona chale mbichi, zimepakwa dawa nyeusi. Nikasema kwa sauti ambayo hata wa mlangoni alisikia, "Kaka, nani amekuchanja?"

Hakuna aliyehitaji kufafanuliwa. Kila mtu anajua chale za mkononi kwa kijana aliyetoka machimboni zinatoka kwa mganga. Baba aliushusha mkono bila kuanzisha wimbo. Alienda kuketi, mchungaji akaendelea na masomo, na wimbo ule haukuimbwa.

Baadaye ulijieleza kwa wazee wa kanisa. Ulisema kikosi chenu chote kilichanjwa, kwamba asiyechanjwa haruhusiwi kushuka kwenye duara, lile shimo la kuchimbia, kwa kuwa wenzake wanaamini atawaletea balaa huko chini ya ardhi. Hukukana wala hukulia. Walikutaka usimame mbele ya usharika utubu, ukasema hutasimama peke yako wakati humo kanisani unawajua sita wenye chale kama zako, ila mikono ya mashati yao ni mirefu. Wakakutenga. Hakuna Meza ya Bwana, hakuna kwaya.

Jumapili iliyofuata tukaanza wimbo wa kwanza, besi ikaja kutoka nje. Ulikuwa umesimama kwenye mahindi ya mchungaji, chini ya dirisha la upande wa besi, umevaa shati lako jeupe. Wazee walitazamana. Katiba ilisema aliyetengwa asiimbe kwaya, lakini haikusema lolote kuhusu mtu aliyesimama kwenye mahindi. Ukaimba hivyo Jumapili baada ya Jumapili, mahindi yakavunwa, mabua yakalishwa ng'ombe, wewe bado upo. Halafu ikaja Jumapili ya mvua kubwa ya kwanza, na dirisha likafungwa katikati ya ubeti wa pili. Hatukukusikia tena. Kesho yake ulimuaga mama kwamba unaenda wiki mbili.

Huu ni mwaka wa kumi na sita, kaka. Wiki mbili gani hizo?

Nimekupatia mwenzako, lakini. Nilipokuwa naandika tasnifu yangu ya uzamili nilikuta kwamba Mzee wa Wigi, akiwa kijana wa karibu umri wako wa wakati ule, aliomba ruhusa ya wiki nne kwa wakuu wa kanisa lake. Alienda kwa miguu, safari ndefu, kumsikiliza mpiga kinanda mkubwa wa mji mwingine. Akarudi baada ya karibu miezi minne. Wakamweka kikao, na walipomkamata wakaona heri wamalize yote: kwamba anaingiza madoido kwenye nyimbo mpaka waumini wanapotea. Nilisoma nikiwa maktaba, nikacheka peke yangu. Nilitamani uwepo, nikusomee, nione unavyojifanya hucheki.

Tasnifu ilikuwa juu ya muziki wake na imani ya kanisa lake. Wasomi wanagombania mambo mawili mpaka leo, na yote mawili yalinirudisha kwako. La kwanza ni kama alikuwa muumini kweli au mwajiriwa tu aliyetunga alichoagizwa. Wapo wanaotazama Biblia yake, aliyoiwekea alama na maneno pembeni kwa mkono wake mwenyewe. Wapo wanaofungua vitabu vya zamani vya kanisa kuona ni lini alienda kuungama na kushiriki Meza ya Bwana. Niliviona vitabu hivyo kwenye picha na nikawaza kitabu chetu. Mtafiti akija kwetu kutafuta kama Masanja alimwamini Mungu mwaka ule, atakuta neno moja tu, "ametengwa", atafunga kitabu na kuandika kwamba hakuamini. Hakuna safu ya aliyekuja kila Jumapili akasimama nje juani. Nililiandika hilo kwenye sura ya tatu, bila jina lako. Niliandika kwamba kitabu cha kanisa kinatuambia nani alikaribishwa ndani, na kwamba hilo ni tofauti na kutuambia nani aliamini.

La pili ni kwaya yake ilikuwa na watu wangapi. Wengine wanasema kila sauti iliimbwa na watatu au wanne. Wengine wanasema hapana, mara nyingi alikuwa na mtu mmoja tu kila sauti. Mimi niko na hawa wa mtu mmoja. Siku ya kutetea tasnifu, mtahini, baba mmoja mkali mwenye miwani ya kamba, akaniuliza kwaya gani inaweza kusimama na besi mmoja. Nikasahau hoja zote nilizokariri. Nikamsimulia habari za dirisha. Alinisikiliza mpaka mwisho, akavua miwani, akasema, "Binti yangu, huo si ushahidi." Kisha akauliza, "Huyo kaka yuko wapi sasa?" Nikamwambia sijui. Nilifaulu, lakini swali lake ndilo nililoondoka nalo.

Nilimpelekea baba kitabu changu kikiwa kimejalidiwa. Macho yake yamefifia, kwa hiyo nilimsomea ile sura ya tatu. Nilipofika mahali pa dirisha akaniambia niache kusoma kidogo. Akasema, "Lile dirisha nani unadhani alikuwa analifungua? Lilikuwa limekwama. Nilikuwa naenda mapema, nalipiga na jiwe." Sikujua. Miaka yote nilidhani lilikuwa wazi tu. Nikamuuliza swali ambalo hakuna mtu nyumbani amewahi kuthubutu, nani alilifunga siku ya mvua. Akajibu, "Mimi. Daftari lilikuwa linalowa, wino unatiririka. Nilizuia mvua, sikumzuia mwanangu. Nilijua atazunguka aje barazani." Akaomba maji, hakuyanywa.

Wewe ulidhani baba amekufungia, naye akadhani umemkasirikia kwa haki. Miaka ya mwanzo ulipiga simu, ukamsalimia mama na kukata baba akiwa bado anavaa ndala aje kuipokea. Mimi nilikuwa nimesimama hapo hapo kila mara na sikusema kitu, kwa sababu niliogopa ungetaka kuongea na mimi.

Kaka, nisamehe. Nilikuaibisha mbele ya kanisa zima, na sijawahi kukuomba radhi hata siku moja. Najua nilikuwa mtoto. Lakini nilikuwa mtoto mwaka ule tu, miaka mingine yote nilikuwa mtu mzima niliyenyamaza. Kwa kuwa kosa lilifanyika mbele za watu, Jumapili iliyopita nilisimama mbele ya usharika nikalisema. Wazee walichanganyikiwa, hawajui waniweke kundi gani. Mmoja akasema hakuna utaratibu wa kutubu kosa la kuona. Ndipo kwenye benchi la nyuma akasimama mzee mwingine, simtaji, akakunja mkono wa shati lake mpaka kwenye kiwiko, akakaa. Kati ya wale sita wako, nadhani tumeshampata wa kwanza.

Mchungaji wetu mpya ni mama, mcheshi, hana makuu. Nilimuuliza juu yako. Akasema, "Aje kwanza. Hayo mengine tutaongea akiwa ameshakula."

Baba anakabidhi kwaya Ijumaa Kuu hii, na anayekabidhiwa ni mimi. Baada ya Pasaka kanisa la zamani linabomolewa, jipya limeshafika kwenye lenta, lenye madirisha ya kuteleza ambayo hayakwami wala hayahitaji jiwe. Kwa hiyo hii ni mara ya mwisho kwa lile dirisha. Wimbo wa Mzee wa Wigi haujaimbwa tangu siku niliyopayuka. Kila mwaka vijana wanauomba, tuna besi wazuri wawili wenye vifua kama ngoma, na kila mwaka baba anajibu kwamba besi ya wimbo huu ina mwenyewe. Sasa amenikabidhi daftari. Ukurasa wa besi una madoa ya mvua, lakini noti zinasomeka, na hata zisingesomeka najua unazo kichwani. Nimezisikia.

Nilikuwa nimekata tamaa, kaka, nisikufiche. Sasa sijakata. Mtu anayeimba besi peke yake miaka kumi na sita, bila hata mtu wa kumwimbia wimbo wenyewe, huyo hajaondoka mbali.

Ukiona haya kupita mlangoni, usipite. Mahindi ya mchungaji mwaka huu ni marefu, simama humo humo kwenye njia yako ya zamani, shati lolote. Baba ameshatafuta jiwe lake. Wimbo wenyewe unaukumbuka, hautangulizwi na mtu, sauti zote nne zinaingia kwa pamoja kwenye noti ya kwanza. Mimi nitasimama mahali aliposimama baba. Nitainua mkono, kanisa litanyamaza, na sitaushusha nikiwa na sauti tatu tu.

Mdogo wako anayesimama juu yako,
Kabula, sauti ya pili